Namna ya Kusoma Kitabu cha Wafu cha Misri ya Kale: Mtafute Kwanza Mwenye Gombo

Watu wengi hukianza Kitabu cha Wafu kama wanavyoanza kitabu chochote: ukurasa wa kwanza, wa pili, na wakifika wa kumi wameshachoshwa na majina ya miungu, wanakifunga. Nakusihi usianze hivyo. Kitabu hiki ni maneno ya kumwongoza marehemu katika safari ya baada ya kufa, na yaliandikwa kwenye magombo. Kila gombo lilikuwa la mtu mmoja, na akizikwa lilizikwa naye. Utalielewa ukishamjua mtu huyo ni nani, na pale unaposoma amefika wapi katika safari yake.

Mimi ni mosha maiti wa Tanga. Kazi hii niliirithi kwa shangazi yangu. Nilipokwenda Kairo kukaa na mwanangu aliyekuwa akisoma Al-Azhar, nikawa naingia makumbusho kila nikipata nafasi. Wenzangu walikimbilia dhahabu ya Tutankhamun. Mimi nilivutwa na kitani cha kufungia maiti na maneno yaliyoandikwa juu yake. Mimi ni Mwislamu, na dini yangu siichanganyi na ya Osiris, mungu wao wa wafu. Lakini mtu aliyekafini maiti kwa mikono yake hawezi kuwapita watu waliowafikiria maiti wao kwa uangalifu ule, asisimame. Haya nawaandikia kina mama na vijana wanaoniuliza waanzie wapi.

Chagua gombo moja ukae nalo

Anza na la Ani. Huyu alikuwa mwandishi wa mfalme na mhasibu wa sadaka za miungu huko Thebes, mji ambao leo unaitwa Luxor, na gombo lake liliandikwa karibu 1250 KK. Liko British Museum, London, kwa namba EA 10470, na picha zake unaweza kuzitazama bure katika tovuti yao, hata kwa simu. Tafuta kwa namba hiyo. Ukitafuta kwa jina peke yake utaletewa michoro iliyopakwa rangi upya kwa ajili ya kuuzwa.

Gombo zima lilikuwa na urefu wa zaidi ya mita 23. Wallis Budge, aliyelinunulia makumbusho hayo mwaka 1888, alilikata vipande 37, na mpaka leo linatazamwa kwa vipande. Kwa hiyo fungua viwili kwa pamoja, unachokisoma na kinachofuata, maana maneno huweza kuwa huku na picha yake ikawa kule.

Ukiwa Kairo kwenyewe, nenda Makumbusho ya Misri pale Tahrir, uulizie gombo la Yuya, baba yake Malkia Tiye. Uulizie pia lile la mita 16 la mtu aitwaye Ahmose, lililopatikana mwaka 2022 huko Saqqara, penye makaburi ya kale karibu na Kairo. La Ahmose ni la karibu 300 KK. Kati yake na Ani ipo miaka zaidi ya 900, na bado utaona maneno ni yale yale.

Jua maneno yalikotoka

Maneno haya hayakuanzia kwenye mafunjo, ile karatasi ya mmea iliyotengenezewa magombo. Karibu 2350 KK mfalme Unas aliandikiwa kwenye kuta za vyumba vya ndani vya piramidi yake, Saqqara. Ukijaliwa kufika, ingia, hata kama magoti yanauma. Njia inashuka na unakwenda umeinama, halafu unasimama wima katikati ya kuta zilizojaa safu za maandishi ya kuchongwa, yametiwa rangi ya buluu, na dari lote ni nyota. Mfaransa Gaston Maspero aliingia humo mwaka 1881. Kwenye ukuta wa kusini wa chumba cha jeneza, mfalme anaambiwa hivi: Ee Unas, hukuondoka ukiwa umekufa, umeondoka ukiwa hai.

Kaa na maneno hayo kidogo kabla ya kutoka. Yote yaliyokuja baadaye yamejengwa juu ya hilo, kwamba aliyelala anasikia na anaweza kusemeshwa. Waliamini hivyo kwa dhati kiasi kwamba katika baadhi ya piramidi zilizofuata, alama za watu na wanyama zilichongwa nusunusu au kukatwa katikati, zisije zikaamka zikamdhuru mwenye chumba.

Wakati wa Unas maneno hayo yalikuwa ya wafalme, na baadaye ya malkia pia. Kufikia karibu 2000 KK maofisa na wake zao walikuwa wakiandikiwa ndani ya majeneza yao ya mbao. Majeneza ya Deir el-Bersha yana hata ramani sakafuni, chini ya mgongo wa maiti: njia mbili, moja ya maji na moja ya nchi kavu, na baina yao ziwa la moto. Kisha, kabla na karibu ya 1550 KK, maneno yakahamia kwenye sanda. Hapo ndipo mimi nilipokaa muda mrefu kuliko mahali pengine popote. Kitani chenyewe kinachogusa mwili, wino umepita juu yake mstari kwa mstari, ili hata kama jeneza litavunjwa, maneno yabaki yamemkumbatia mwenyewe. Magombo ya mafunjo yalienea baada ya sanda hizo.

Mtafute mwenye gombo

Sasa rudi kwa Ani. Kabla ya kusoma neno lolote, pitia vipande vyote 37 ukitafuta sura yake. Utamwona amevaa kitani cheupe chepesi, na mara nyingi mkewe Tutu yuko nyuma yake ameshika njuga ya ibada, maana alikuwa mwimbaji wa mungu Amun. Andika kwenye daftari anachofanya kila anapotokea: amesimama ameinua mikono, ameinama, anakunywa maji, analima, amepiga magoti. Ukimaliza, utakuwa umeshaijua nusu ya hadithi kabla hujasoma tafsiri.

Kisha litafute jina. Magombo mengi yaliandikwa karakanani kabla mnunuzi hajajulikana, na mahali pa jina pakaachwa wazi. Hata la Ani lina sehemu zilizotayarishwa hivyo, jina likaja kujazwa baadaye. Wako wanaoliona jambo hili kuwa ni biashara tupu. Mimi silioni hivyo. Sanda hukatwa kwenye jora ambalo halimjui mtu, na huwa ya marehemu pale anapovishwa.

Utaona pia jina halikai peke yake. Ameitwa Osiris Ani. Osiris ndiye mungu aliyeuawa na nduguye, akakusanywa na mkewe Isis, akawa mfalme wa wafu. Kila maiti aliitwa kwa jina lake ili ayapate aliyoyapata yeye. Kwa hiyo ukikuta "Osiris" mwanzoni mwa jina, ujue anayesemwa ni marehemu. Osiris akisimama peke yake ni mungu mwenyewe. Usipoyatofautisha mawili haya, picha ya hukumu itakuchanganya.

Fuata wino mwekundu

Maandishi ya gombo yako kwenye safu zinazoshuka kutoka juu. Kanuni ya kawaida ya maandishi ya Misri ni kwamba ndege na watu hutazama upande wa mwanzo wa mstari, nawe unawaendea usoni. Kwenye magombo ya wakati wa Ani mara nyingi kanuni hiyo inageuzwa: ndege wanatazama kulia, lakini safu zinasomwa kutoka kushoto. Kwa asiyejua alama, kinachosaidia ni rangi. Wino mweusi ni maneno yenyewe. Wino mwekundu huonyesha mwanzo wa fungu, yaani sehemu moja ya maneno hayo, na maelekezo ya namna ya kulitumia.

Maelekezo hayo yasome, usiyaruke. Fungu la 125, lile la hukumu, linaelekeza lisemwe na mtu aliyejitakasa, amevaa nguo safi na viatu vyeupe, amepaka wanja na kujipaka mafuta ya manemane. Kwangu mimi niliyekaa miaka mingi na maji, karafuu maiti na kafuri, mistari hiyo ya wino mwekundu ina uzito kuliko sifa zote za miungu. Hapo ndipo unapoona kwamba watu walikuwa wakiyatenda haya, kwa mikono na kwa miili.

Kuhusu namba za mafungu, ni za juzi tu. Mjerumani Karl Richard Lepsius alichapisha mwaka 1842 gombo la Iufankh lililoko Turin, akalihesabu mafungu 165, akaliita Kitabu cha Wafu. Wamisri wenyewe waliyaita maneno ya kutokea mchana. Leo hesabu imefika karibu mafungu 190, na hakuna gombo lenye yote. Kila mtu alikuwa na mafungu aliyochaguliwa au aliyoweza kuyalipia, kwa mpangilio tofauti. Usishtuke ukikuta kwa Ani fungu la 30 liko karibu na mwanzo, la 17 likafuata nyuma yake, na la 125 likaja mbali, kuelekea mwisho.

Soma kwa sauti

Karibu kila fungu ni maneno ya kutamkwa, na msemaji mara nyingi ni marehemu mwenyewe: mimi nimekuja, mimi najua, nifungulieni. Ukisoma kimya unapoteza jambo. Soma kwa sauti, hata kwa kunong'ona, na kila penye "Osiris Ani" simama kidogo.

Sisi wa pwani tuna jambo la kutusaidia hapa. Tukishamfukia maiti, hukaa mtu kaburini akamsomea talkini, kumkumbusha marehemu atakayoulizwa na namna ya kujibu. Imani ni mbalimbali na sisemi kwamba moja imetoka kwa nyingine. Lakini ukiwa umewahi kuisikia talkini, hutauliza kwa nini gombo limejaa maswali na majibu. Mwenye gombo anapita milangoni, na kila mlango una walinzi wanaouliza. Anatakiwa awajue kwa majina. Katika fungu la 125 hata mlango wenyewe unasema: miimo haimpitishi mpaka aitaje jina lake, kizingiti vivyo hivyo, komeo vivyo hivyo. Akishavipita vyote, sakafu inakataa kukanyagwa mpaka aitaje majina ya miguu yake miwili.

Fungu la 17 nalo lina desturi yake. Linasema jambo, kisha linauliza, "Ni nani huyu?" na kujibu, halafu linatoa jibu la pili la watu wengine. Ni refu na ni gumu. Mwanzoni lisome kwa ajili ya kuisikia sauti hiyo ya mwalimu na mwanafunzi, halafu uliache mpaka utakaporudi.

Kaa kwenye mizani

Kipande cha tatu cha gombo la Ani ndicho kitakachokuchukulia muda, na uupe. Soma picha hivi. Kushoto Ani na Tutu wanaingia wameinama. Katikati ni mizani: upande mmoja moyo wa Ani ndani ya chombo kidogo, upande wa pili unyoya, ambao ni Maat, haki na mpango wa ulimwengu. Mungu Anubis mwenye kichwa cha mbweha amepiga goti anaangalia timazi, kama mizani imekaa sawa. Nyuma yake mungu Thoth mwenye kichwa cha kwarara ameshika kalamu na ubao, anaandika matokeo. Nyuma ya Thoth amekaa Ammit: kichwa cha mamba, kifua cha simba, matako ya kiboko. Moyo ukielemea, Ammit anaumeza, na mtu huyo amekwisha kabisa. Yule ndege mwenye kichwa cha mtu ni ba ya Ani, ile nafsi yake iwezayo kuruka na kurudi.

Ukiona picha imekulemea, weka kando yake ile ya gombo la mtu mwingine, Hunefer, namba EA 9901, ambayo ni nyepesi zaidi kuifuata. Humo mtu huyo huyo amechorwa zaidi ya mara moja katika mstari mmoja: Anubis anamwongoza kwa mkono, anapimwa, kisha Horus, mwana wa Osiris, anampeleka mbele ya Osiris.

Sasa fungua maneno ya fungu la 125. Marehemu anakana makosa mbele ya waamuzi 42, kila mmoja anaitwa kwa jina na mji wake. Ewe Mwenye Hatua Ndefu utokaye Heliopolis, sikutenda dhuluma. Usiyasome yote 42 kwa mkupuo mmoja, utayazoea na kuacha kuyasikia. Kabla ya orodha hiyo iko nyingine fupi, na humo ndimo mimi hupenda watu waanzie. Nawapa machache kwa maneno yangu:

Sikumfanya mtu alie.
Sikupunguza kipimo cha nafaka.
Sikuongeza jiwe la mizani.
Sikuwanyang'anya watoto maziwa yaliyo vinywani mwao.
Sikuyazuia maji wakati wake.
Sikuuzima moto uliotakiwa uwake.

Angalia haya ni makosa ya nani. Ya mwenye duka, ya karani wa ghala, ya jirani aliyeko juu ya mfereji. Hukumu ya mbinguni inauliza kuhusu kibaba na mfereji. Chukua daftari, yagawe unayoyakuta kwa mahali yanapotendeka: sokoni, shambani, nyumbani, hekaluni. Utaona kuwa hekalu lina sehemu yake, na sehemu kubwa iliyobaki ni ya watu na watu.

Usiurukie moyo

Hapa ndipo wasomaji wengi hukwama, na wengine hukasirika. Kwenye tendo lile lile la kupimwa, gombo linaweka fungu la 30, ambalo Ani anaambia moyo wake: Moyo wangu nilioupata kwa mama yangu, usisimame kunishuhudia, usinipinge mbele ya waamuzi. Fungu hilo lilichongwa pia kwenye dundu wa jiwe, akawekwa kifuani mwa maiti. Kumbuka kwamba waliotengeneza maiti walitoa ubongo, wakatoa mapafu, ini na matumbo, lakini moyo waliuacha mahali pake, kwa sababu ndio ulioyajua yote.

Nimesikia vijana wakisema, basi hiyo ni hila. Mtu anakana makosa yake halafu anauziba mdomo moyo wake. Sikubaliani nao. Yasome mafungu haya mawili moja baada ya jingine, kwa sauti, kama anavyoyasema mtu mmoja. La kwanza ni mtu anayesimama na matendo yake. La pili ni mtu yule yule akiogopa. Nimekaa na wagonjwa waliokuwa wanaondoka, watu wema waliojulikana mtaani kwa wema wao, na hofu ile nimeiona. Aliyemwandikia Ani gombo hakumwonea aibu kwa kuiandika hofu hiyo. Ukilisoma fungu la 30 kama ombi, utalisikia.

Baada ya hapo tazama tena picha. Thoth anatangaza moyo wa Ani umeonekana wa kweli, Horus anamshika mkono, na mbele ya Osiris Ani amepiga magoti, nywele zake zimekuwa nyeupe. Nyuma ya Osiris wamesimama Isis na dada yake Nephthys.

Yaliyobaki, kwa haraka

Mafungu ya kujigeuza, kuanzia la 76 hadi la 88, yasome kwa picha: kipanga wa dhahabu, yungiyungi, mamba. Yanamruhusu marehemu atoke kwa umbo analolitaka. Mafungu ya kufukuza mamba, nyoka na wadudu ni mafupi na yanajieleza. Fungu la 110 ni Shamba la Matete, na humo Ani analima, anavuna na kupiga makasia katikati ya mifereji, nchi ile ile aliyoiacha. Fungu la 6 ni la vile visanamu vidogo vinavyojaa makabati ya makumbusho: marehemu akiitwa kulima au kubeba mchanga kutoka mashariki kwenda magharibi, kisanamu kinaitika, "Mimi hapa." Tutankhamun alizikwa na visanamu 413.

Kwa tafsiri, usitegemee moja. Ile ya Budge ya mwaka 1895 imeenea mitandaoni kwa sababu ni ya zamani na haina mwenyewe tena, lakini ujuzi wa lugha hiyo umekwenda mbele sana tangu hapo. Iweke kando ya tafsiri mpya. Pale zinapopishana, ishike mpya. Chuo Kikuu cha Bonn kimeweka mtandaoni hazina kubwa ya magombo haya kutoka makumbusho mbalimbali, na unaweza kulifuata fungu moja kutoka gombo hadi gombo.

Na wanaokwenda Kairo, wanangu, muwe macho madukani. Picha nyingi za mizani zinazouzwa zimechorwa kwenye majani ya migomba. Iinue karatasi kwenye mwanga: mafunjo ya kweli yanaonyesha vipande vya mmea vimelazwa kwa kupishana, wima na mlalo, na ukiikunja kama gombo haivunjiki. Mtu akikunong'oneza kwamba analo la kale, ondoka. Sheria ya Misri inakataza kuuza vya kale tangu mwaka 1983, na kipande hicho, kama ni cha kweli, kimetolewa kwenye kaburi la mtu.

Ukishamzoea Ani, nenda kwa mwanamke. Namba ya gombo lake ni EA 10554, makumbusho hayo hayo ya London, urefu mita 37, karibu mara moja na nusu ya la Ani. Mwenyewe ni Nesitanebtashru, binti wa kuhani mkuu Pinedjem wa Pili, na gombo lake ni la kati ya 950 na 930 KK. Rangi hakuna nyingi, michoro mingi ni mistari myeusi tu, kwa hiyo macho hayataibwa na urembo. Limekatwa vipande 96. Anza kama ulivyoanza kwa Ani: daftari, kalamu, na kumtafuta yeye kwanza.